Flashi Nyeusi

Wanangu, chai iko kwenye chupa, mkate uko kabatini.

Ile mashine yenu kuukuu ya gemu haisomi tena CD, kwa hiyo asubuhi hii nimeiwekea programu ya kucheza michezo kutoka kwenye flashi. Fundi alisema flashi ifutwe kwanza. Nikaifuta hii nyeusi, nikidhani ya mama yenu ni ile nyekundu. Kumbe nyeusi ndiyo iliyokuwa na sauti ya marehemu bibi yenu, ile mama yenu anayoisikiliza kila akishona. Nimempigia fundi simu, kasema sauti hiyo hairudi tena.

~~Mama yenu akitaka kushona, mwambieni mkanda wa cherehani umekatika.~~

Msimdanganye. Nitamwambia mwenyewe jioni, uso wangu sijui nitauweka wapi.

Gemu sasa inafanya kazi vizuri mno, na hilo ndilo linaloniuma.

Baba