Ng'ombe Mia na Hamsini

Jumanne, Wabera

Fomu ya mkopo wa nyumba bado iko kwenye mkoba wangu, haijatiwa sahihi. Alhamdulillahi.

Wiki mbili nzima mimi na mume wangu Guyo tumeimba elfu thelathini na saba tu. Kila mwezi, mshahara unatosha, nyumba ni yetu. Hakuna aliyezidisha kwa miaka ishirini.

Leo mama yake amefika kutoka Merti. Yeye bei zote anazipima kwa ng'ombe.

"Hiyo nyumba ni ng'ombe wangapi?"

Guyo akamwambia ni milioni tatu, kama ng'ombe hamsini.

"Na mkimaliza kulipa benki, watakuwa wametoka wangapi?"

Guyo akapiga hesabu kwa simu. Akairudia.

"Karibu mia na hamsini, Mama."

"Sasa hao mia wengine wamenunua nini?"

Nilikasirika kidogo. Mwalimu wa hesabu hapa ni mimi, na ningestaafu nikiwa bado nalipa.

Mvua ikianza, mabati ya hii nyumba ya kukodi yatavuja tena juu ya kitanda. Wacha yavuje.