Wimbo wa Kiitaliano na Mkorogo wa Da Zuhura

Da Zuhura, dada yangu,

Nakusalimu kwa salamu wanayopewa watu wa makaburini, kisha naanza moja kwa moja na ugomvi, maana hata ulipokuwa hai hatukuweza kumaliza kutwa bila kurushiana maneno. Barua hii naiacha wazi. Asomaye na asome, hasa wanawake wa Jules Street, hapa Johannesburg, waliokuwa wakijaa saluni kwako kila Jumamosi.

Juzi kaja mteja wako, yule mama wa Kikongo mwenye duka la vitenge. Hata kukaa hajakaa vizuri, anauliza, "Ile mafuta ya Zuhura, iko?" Nikamwambia, mama, Zuhura amefariki. Akasema, "Najua, nililia sana. Lakini mafuta iko ao haiko?" Wakati huohuo spika ikaanza wimbo wako wa Kiitaliano, maana nyimbo zako bado zimo mle na hakuna aliyezifuta, na yeye akaanza kuufuatisha huku amefumba macho, hajui hata neno moja maana yake ila anajua pa kupandisha sauti. Nikaenda kuuzima. Akaniuliza kama nimekasirika, nikasema hapana, ila nilikuwa nimekasirika, dada, na hasira zenyewe nilikuwa nazo juu yako.

Unakumbuka ulivyoupata wimbo ule? Kiitaliano ulikiokota kule Unguja, ulipokuwa ukifanya kazi hotelini pwani ya mashariki, na ukirudi Tanga kwa Idi ulikuwa unatutia wazimu, kila mtu unamwita bella, hata bibi. Hapa Jozi ulikuja na lugha yako huna wa kuzungumza naye, ukabaki unaitafuta kwenye simu. Ndipo siku moja ukaingia saluni umechangamka kama mtu aliyepokea barua ya nyumbani, ukauweka wimbo ule, ukazima draya mteja akiwa bado ana maji kichwani. "Nyamazeni," ukasema, "sikilizeni huyu mtoto anachosema."

Ukatutafsiria mstari kwa mstari. Kwamba msichana amesimama mbele ya kioo, anajiomba radhi mwenyewe kwa miaka yote aliyokuwa akiwauliza watu kama anafaa. Kwamba sasa amekua, hamsubiri mtu amwambie anapendeza, anajishika mkono mwenyewe anaondoka. Mle ndani kulikuwa na Wakongo, Warundi, yule Mkenya wa kucha, na sisi wawili. Mrundi mmoja alifuta machozi na upindo wa kitenge. Wewe mwenyewe ulijiwekea mkono mmoja kifuani ulipofika pale pa kujishika mkono.

Na mkono wako mwingine, Da Zuhura, ulikuwa ndani ya ndoo ya aiskrimu hadi kwenye kifundo, unakoroga dawa ya kujichubua.

Hilo ndilo ninaloshindwa kulimeza. Ungekuwa hukijui Kiitaliano ningesema hukuelewa. Lakini ulielewa kuliko sisi sote, ukatueleza vizuri, kisha ukamkalisha Mrundi yule kwenye kiti ukampaka mkorogo shingoni huku wimbo ukirudia. Na sisi sote tukaona sawa. Tuliimba kwamba tunajipenda, tukaondoka kila mmoja na kikopo chake kwenye mfuko wa plastiki, na harufu ile ya dawa ikawa ndiyo harufu ya Jumamosi. Mimi nilipaka kama wengine, wala hukunilazimisha.

Najua ilikoanzia. Ulinisimulia mara moja tu, tukiwa tumekaa kwenye ngazi za jengo letu pale Malvern tunamenya viazi. Ulisema ulipoajiriwa kule hotelini uliomba kukaa mapokezi kwa sababu Kiitaliano chako kiliwashinda wote, na msimamizi, mweusi mwenzetu, mtu wa bara, akakutazama kuanzia juu hadi chini akakupeleka dobi. Mapokezi akamweka msichana mweupe asiyejua kusema hata asante. Wageni wenyewe, ukasema, walikuwa wakikusimamisha ufukweni kukusifia rangi yako, lakini sifa za mgeni anayeondoka kesho hazikukupandisha cheo. Ulicheka uliposimulia. Mimi sikucheka, nikaendelea kumenya viazi.

Kwa hiyo ulipofika huku ulikuwa mwingine kabisa. Watu wa kwetu wanaokaa mtaa wa Mayfair, waliokujua zamani, walikupita barabarani. Ulikuwa unalifurahia hilo, unanibana mbavuni, "Umeona? Hajanijua." Nami nilikuwa naona fahari kutembea nawe, tukisimama kwenye robot, zile taa za barabarani, madereva wa teksi wanapiga honi. Uongo haufai, dada. Ulipendeza. Vidole tu ndivyo vilivyokataa, ukawa unavaa glavu za lesi hata wakati wa joto, unasema ndiyo staili.

Lakini Salma ulimkataza. Hilo nakusifia mpaka leo. Mwanao alizaliwa hapahapa, Kiswahili anakisikia lakini anajibu kwa Kiingereza, akikasirika anaingia kwenye Kizulu, na rangi yake ni nyeusi ile ya kung'aa, ya kwetu. Alipotimiza miaka kumi na minne ukamkuta jikoni ameingiza kidole kwenye ndoo. Ulimnasa kofi mkononi, ukamwambia, "Wewe usiguse hii. Wewe ulivyo unatosha." Naye akakutazama usoni, akakuuliza kwa Kiswahili, kibovu lakini kilieleweka, "Kama mimi natosha, mbona wewe hautoshi?"

Nilikuwa nimesimama mlangoni. Ukasema chai inachemka, na chai haikuwa hata imewekwa.

Halafu yakaja maradhi. Uvimbe kwenye kizazi, jambo ambalo wanawake wengi wanakatwa na kurudi nyumbani, wanapika, wanaendelea na maisha. Daktari alikuuliza unapaka nini mwilini. Unakumbuka ulivyomjibu? "Mafuta ya mgando tu." Na ukanikata jicho mimi niliyekaa pembeni. Wasichokijua watu ni kwamba hukumdanganya kwa kuogopa daktari. Ulimdanganya kwa sababu wodi nzima ilikuwa inasikiliza, na humo walikuwamo wawili wanaotujua, nawe tangu zamani ulishikilia kwamba rangi ile ulizaliwa nayo, mama yetu ana damu ya Kimanga, ya Kiarabu. Mama yetu. Mtu wa Pangani aliye mweusi kama sufuria ya mkaa.

Mshono haukufunga. Walikushona wakakushona tena, na nyuzi zikawa zinakata ngozi, kama mtu anayeshona karatasi iliyolowa. Daktari alinivuta kwenye korido akaniambia ngozi ya dada yako imekwisha, imekuwa nyembamba mno, haina nguvu ya kushikana. Akaniuliza tena anapaka nini. Nilimwambia yote, hapohapo kwenye korido, na alivyoinamisha kichwa nilijua tumechelewa.

Na wewe, kidonda kinanuka, homa haishuki, unalilia nini? Unalilia mkorogo. Siku zilivyopita bila kupaka rangi ilianza kurudi kwa mabaka, mashavuni na kwenye paji, ukawa unajifunika shuka hadi kichwani, umeweka visikilizio masikioni, na nikikaa karibu nausikia wimbo ule ule ukivuma kidogokidogo ndani ya shuka. Uliniomba nikuletee kikopo, nikifiche chini ya chupa ya uji. Nikakataa. Ukanigeuzia mgongo. Siku iliyofuata nikaja, hukunigeukia. Iliyofuata tena nikakuta kitanda kimetandikwa. Umekufa umeninunia, Da Zuhura, na hakuna mtu wa kutupatanisha.

Wanawake wa Mayfair walikuja kukuosha. Bi Khadija, yule Mzanzibari mnene anayewaosha wanawake wote wa kwetu hapa mjini, aliniambia niingie, ndugu ana haki. Kabla hajafungua maji alitukalisha, akatukumbusha kwa sauti ya chini, "Mnachokiona humu, kama ni kibaya, kinazikwa naye. Kama ni kizuri, mna ruhusa ya kukisema." Kisha akanipa kazi ya nywele, kwa kuwa nywele ndiyo kazi yangu. Nilikufumua rasta zile nilizokusuka mwenyewe kabla hujalazwa, nikakuosha kichwa, nikakusuka mikia mitatu kama inavyotakiwa, nikailaza nyuma. Wale wengine waliona waliyoyaona na hakuna aliyefungua mdomo, wala kutazamana hawakutazamana. Nawashukuru. Nami nilitoka mle ndani nimeamua kwamba chochote nilichokiona nitakwenda nacho kaburini kwangu.

Niliacha kupaka siku ile. Sura yangu sasa ni ya kuchekesha, dada, na watoto wa spaza, kile kiduka cha mtaani, wananicheka kweli. Mashavu yameiva kama niliyeunguzwa na mafuta, na chini ya macho kumeingia weusi kama wa wino ambao daktari amesema huenda usitoke tena. Wateja wameanza kupungua, maana nani anataka kusukwa na mtu mwenye sura hii. Sawa. Hilo nitalibeba.

Nililoshindwa kulibeba ni la wiki iliyopita. Nimerudi mchana kuchukua chaja, nikaisikia harufu ya Jumamosi inatoka bafuni. Nilidhani nimerukwa na akili. Nikasukuma mlango. Salma amesimama mbele ya kioo na sare za shule, ndoo yako ameitoa sijui wapi, uso mzima mweupe kwa mafuta, na kwenye shingo ameshaanza kubabuka. Kumbe ni siku nyingi.

Nilimpigia kelele. Nikamwambia amesahau kilichomuua mama yake? Nikamwambia mama yako alikukataza. Hakunijibu kwa ukali kama nilivyotegemea. Alisema polepole, kwa Kiingereza, kwamba hataki kuwa mweupe, haimhusu. Anataka akijitazama kwenye kioo amwone mama yake. Anasema kwenye picha zote mama ni mweupe, na yeye hafanani naye hata kidogo, na ameanza kuisahau sura.

Nilikaa kwenye ukingo wa beseni la kuogea. Nikamwambia, mama yako alikuwa na rangi yako hiyohiyo, usingemtofautisha na wewe. Akatikisa kichwa. "Hayi, ma'mdogo. Nionyeshe."

Nimwonyeshe nini, Da Zuhura? Simuni mwako picha zote za zamani umezifuta. Nilimpigia mama Tanga, akatafuta kwenye sanduku, akaniambia kwa aibu kwamba uliporudi mara ya mwisho ulikaa na mkasi, ukajikata kwenye kila picha, hata ile ya Idi tuliyovaa nguo za sare. Mimi nimo, nimeshikwa mkono na tundu. Ulijifuta duniani kote mpaka mwanao akakukosa. Wimbo wako ulikuambia ujiombe radhi kwenye kioo. Ulitueleza sisi vizuri sana, ukajisahau wewe.

Uso wangu haumfai, umeshaharibika. Kwa hiyo nilimwambia. Nilimwambia kwamba nilipokufumua rasta, nilipoinua nywele za nyuma nikakunja sikio lako kuosha, niliona mahali ambapo mkono wako haukuwahi kufika na mafuta. Padogo tu, chini ya nywele, nyuma ya sikio. Palikuwa peusi, panang'aa, pazima kabisa, kama vile ulikuwa na miaka kumi na minne. Nilimwambia kwamba niliacha kumimina maji, nikaweka kidole pale, na Bi Khadija akaningoja bila kunihimiza.

Salma alipeleka kidole nyuma ya sikio lake mwenyewe. "Hapa?" Nikamwambia hapohapo. Akalia, na huyo mtoto hakuwa amelia hata siku ya mazishi. Alilia na mafuta usoni, yanachuruzika na machozi yanaingia kwenye kola ya shule, nami nikamwosha uso kwa maji ya bomba, naye akaniachia nimwoshe.

Ndoo nimeimwaga. Lakini sitakudanganya kwamba mambo yamekwisha. Mkorogo unauzwa hapo chini, vibanda vitatu vya mfululizo, na katikati ya mji unauzwa kwa maboksi. Shingo yake bado imebabuka. Jana amejifungia bafuni muda mrefu, nikabaki nimesimama nje ya mlango nanusa hewa kama mbwa, sikusikia harufu ila sikuamini pua yangu. Hivyo ndivyo nitakavyoishi sasa.

Nimekwenda Mayfair kwa Bi Khadija kumwambia kwamba nimesema nilichokiona kwenye maiti. Alikuwa anachambua mchele, hakuinua kichwa. Akaniuliza, "Ulichokisema kilikuwa kibaya au kizuri?"

Nikamwambia kizuri, Da Zuhura. Sijawahi kuona kizuri kama kile.

Mungu akulaze panapokutosha.

Mdogo wako,
ma'mdogo wa Salma