Miguu ya Bibi Hedi

Vienna, 15 Januari 1953

Kwa Dada yangu Rosina,

Pokea salamu kutoka jikoni kwetu, ambako vioo vya dirisha vimeganda hadi upande wa ndani. Hujambo? Na kikohozi cha shemeji kimepungua? Huku sote tu wazima wa mwili. Shule nimemaliza. Mama ametundika cheti changu juu ya jiko, mvuke utakiharibu, lakini ukimwambia hasikii.

Dada, nakuandikia nikiwa na hasira, kwa hiyo unisamehe mwandiko. Unanijua, mimi hata mkate dukani huununua kwa kunyoosha kidole. Safari hii yamenifika hapa.

Unajua kwamba mwezi ujao nilikuwa nishindanie ubingwa wa vijana wa kuteleza barafuni. Tangu utotoni nimeamka gizani kwa ajili ya siku hiyo. Sasa sitashindana, wala mwaka huu wala mwaka wowote.

Chanzo ni ile filamu. Bibi Hedi Wallisch, bingwa wetu wa dunia, alikuja kwetu kiangazi kumwomba Mama amwazime mimi. Goti lake limekufa, haliruki tena, na watengenezaji wa filamu hawakutaka watu wajue. Basi nikavikwa nywele za bandia na sketi yake nyeupe, nikaambiwa nisigeuzie kamera uso. Palipotakiwa tabasamu aliingia yeye. Palipotakiwa kuruka niliingia mimi. Alimwambia Mama ni msaada tu, mtoto atajifunza kazi. Siku ya mwisho akanipa viatu vyeupe vya kutelezea, vipya kabisa, na Mama nusura ambusu mkono.

Tuliitazama kabla ya Krismasi. Mwanamke wa nyuma yetu alimwambia mumewe, “Mwone Hedi, ana miaka thelathini na tano na miguu bado ya kigoli.” Mume akajibu, “Hiyo ni miguu ya hela, mke wangu.” Mama akanifinya nisiseme neno, kana kwamba ningesema. Ukumbi mzima ulipiga makofi, nami nilifurahi kama mjinga.

Jana asubuhi Bwana Pokorny wa chama chetu cha kuteleza alituita ofisini. Aliuliza viatu vyangu vyeupe vimetoka wapi. Mama, kwa kujivuna, akamsimulia yote. Bwana Pokorny akavua miwani, akasema hicho ndicho alichoogopa kukisikia. Kanuni unaikumbuka: aliyepokea chochote kwa kuteleza, hata jozi ya viatu, amekwisha lipwa, na aliyelipwa hashindani. Mama alisema ni zawadi. Akajibiwa kwamba zawadi ya kazi ni ujira, na kwamba habari ilikwisha mfikia, alitaka tu kuihakikisha. Ilitoka kwa nani, hakusema.

Mchana Bibi Hedi akaja na keki ya chokoleti. Hata koti hajavua, akanishika kidevu na kusema nisililie mashindano, Jumatatu tunaanza filamu ya pili, na sasa nina nafasi tele. Mama akauliza amejuaje, maana sisi wenyewe tumeambiwa asubuhi na tangu turudi hatujatoka nje. Nilidhani Mama atamfukuza. Mama akammiminia kahawa.

Ni yeye, Dada. Alikwenda mwenyewe kwa Bwana Pokorny. Wala hakukana. Alipandisha sketi akatuonyesha goti, limevimba kama boga, akasema, “Ungeshinda, mtoto, ungeniacha. Halafu mimi ningebaki na nini? Na wewe kwa sura hiyo, nani atakuweka kwenye filamu? Mimi uso, wewe miguu. Hakuna anayepunjika.”

Nilisimama. Sauti ikatoka. Nikamwambia, “Basi Jumatatu uruke mwenyewe, Bibi Hedi.”

Alicheka, akamtazama Mama, akangoja Mama anikaripie. Mama alinikaripia. Nikaingia chumbani, nikafunga mlango. Jioni niliviunganisha viatu vyeupe kwa kamba zake nikavitundika kwenye kitasa cha mlango wa Bibi Hedi, majirani wavione.

Mama hanisemeshi. Anasema nimemfukuza bingwa wa dunia jikoni kwake. Baba alikata keki ya Bibi Hedi, akanisogezea kipande kikubwa.

Ninakuja kwako Jumamosi kwa treni ya asubuhi. Nitafutie vile viatu vyako vya zamani vya kutelezea, hata kama vinabana. Uliniandikia kwamba ziwa lenu limeganda. Hapo hakuna chama, wala kamera, nami nataka kuruka uso wangu ukiwa mbele.

Msalimie shemeji, anywe maziwa ya moto na asali. Nimetia jina langu lote hapa chini, kwa kuwa kwenye filamu halikuandikwa popote.

Mdogo wako akupendaye,
Walburga Antonia Stadlmann