Kilichokwaruza Ndani ya Meli

Salma mjukuu wangu,

Mtaa wetu wote wa Mbotela unakusalimu. Bibi yako mzima, goti tu linamsumbua. Umeniuliza kama nimewahi kuogopa, kama unavyoogopa hapo bweni. Mimi? Simba wa mtaa? Haya, sikiza.

Ujanani niliunda meli ndogo ya tanga, ya pambo, vipande vyake vya mbao vilikuja kwenye boksi. Gundi yake ilikuwa imekauka, basi mimi fundi wa mafundi nikabandika kwa uji mzito wa unga, kama tulivyobandika tiara zetu za karatasi za kurusha. Ikapendeza, wacha tu! Siku chache baadaye ikaanza kukwaruza ndani. Kwaru, kwaru. Mama akasoma dua, akasema, "Hilo ni jini. Litoe, ama naitia meli motoni."

Nikapiga magoti mbele ya meli yangu. Nikang'oa ubao mmoja. Macho mawili yakanitazama! Nikapiga yowe hadi majirani wakatoka.

Panya. Alikuwa akila uji wangu.

"Simba gani wewe?" Mama akacheka.

Niliogopa, Salma, lakini nilifungua. Meli iko juu ya kabati, na tundu la ule ubao. Hata leo, kabla sijaipangusa vumbi, naitegea sikio kwanza.

Babu yako, simba