Kazi ya Kukaa Kitako

Mkunazini, Unguja

Mama yangu, Bi Saadiya,

Shikamoo. Natumai barua hii itakukuta kifua kimeshapoa na mbuzi wako kazaa salama. Mdogo wangu Mwanaasha akusomee taratibu, asiruke neno. Kwa simu nilishindwa. Ungezisikia pumzi zangu ungejua kabla sijasema.

Umeniuliza lini nitarudi Pemba kuupanda mkarafuu wa marehemu baba, maana msimu wa kuchuma umeingia. Nitakujibu, ila nianzie mbali kidogo.

Nilipoacha uhamali bandarini nikapata kazi ya kuangalia kamera hotelini, ulichinja jogoo. Ukawaambia majirani kuwa Hamad kapumzika, sasa anakula kwa kukaa kitako. Na mimi nilifurahi, mama. Mgongo uliobeba magunia ya mchele ulikiona kile kiti kama peponi. Naingia alfajiri, natoka magharibi. Chai naletewa, chakula naletewa. Nadra, anayefagia vyumba, akinitania kwamba iko siku kiti kitadai mshahara wake.

Mguu wa kushoto ukaanza kuvimba. Nikasema huo ni uchovu wa magunia, ndio unatoka. Kwetu mtu akichoka huambiwa akae, basi nikazidi kukaa. Nadra akanihimiza niende hospitali, nikamjibu kwamba hamali hafi kwa kukaa.

Mwezi uliopita nilianguka kutoka kitini, pumzi hakuna. Gari haliingii uchochoro ule. Walionitoa ni mahamali wenzangu wa zamani, wakanilaza juu ya mkokoteni niliokuwa nikiusukuma mwenyewe, mmoja wao, Borafya, akilia na kunitukana njia nzima eti nimekuwa mzito kushinda gunia. Daktari kasema damu iliganda mguuni kwa kukaa bila kutembea, kipande kikapanda mapafuni.

Sasa jibu lako, mama. Mkarafuu sitaupanda tena. Ngazi za nyumba tu zinanishinda, na kwa dawa ninazomeza, nikichubuka kidogo damu haikatiki upesi. Mdogo wangu Makungu aupande yeye.

Hata kusujudu kunanikata pumzi. Naswali juu ya kiti, safu ya nyuma, pamoja na wazee. Miaka yote uliniombea nipate pa kukaa, na Mungu alikusikia. Sasa niombee kusimama.

Mwambie Mwanaasha asilie, na Makungu ashike matawi vizuri. Majirani wote nisalimie.

Mimi mwanao,
Hamad