Maji ya Redio

Baba,

Shikamoo. Nimeandika hivyo kwa mazoea, kisha nikakaa nikingoja uitikie, na wino ukakauka kwenye kalamu. Haya, nitajiitikia mwenyewe moyoni niendelee, maana nina mengi ya kukueleza, na mengine ni ya lawama.

Kwanza habari za nyumbani. Tangu tukuzike, shangazi Mgeni amehamia chumbani kwako. Anasema amekuja kunifariji. Mimi namtazama tu. Mtu wa kufariji haji na kitanda chake. Karakana yako nimeifunga, na ufunguo nimeufunga kwenye pindo la khanga, maana kila apitaye anaulizia zile bati ulizoziacha, na ulipokuwa hai sikumsikia mtu akiulizia bati. Koroboi ambazo hukuwahi kuzimaliza ziko palepale mezani, hazijatiwa tambi. Bwana mmoja alikuja akadai moja ni yake, ameshakulipa. Nikamwambia aingie aichague. Akazigeuza zote, akaondoka bila kuaga.

Unanijua nilivyo. Ulikuwa ukisema, "Zena, wewe hata mvua utaihoji imetoka wapi." Basi sijabadilika. Msiba wako umenizidishia.

Ila kilichonikalisha hapa na karatasi ni redio. Sikuwahi kuiamini tangu siku ile uliyoileta kutoka kwa yule Mzungu mpima ardhi aliyekuwa akihama, kasha lake la mbao limepasuka ubavuni. Ulisema spika yake imekufa, lakini ukivaa visikilizio masikioni unasikia kila kitu. Nikajiuliza, redio gani inasikiwa na mtu mmoja? Wewe ukasimamisha mlingoti wa mwanzi uani, ukapitisha waya, ukafumba macho, na Jumapili hiyohiyo mtaa mzima ukajaa barazani kwetu kukusikiliza wewe ukisikiliza mpira wa Dar es Salaam.

Siwezi kusema hukuwa hodari. Winga akikimbia kule, na mabega yako yanakimbia hapa. Golikipa akidaka, unajikumbatia kifua. Mhina mshona viatu, mtani wetu Mzigua, alikuwa akikalia ndoo yangu ya maji bila kuniomba, na mchezo ukipoa kidogo anakuuliza, "Mpira uko wapi, Mnyamwezi? Umeuficha wewe?" Watu wanacheka, nawe unamwashiria kwa mkono anyamaze. Mimi nilikuwa pembeni nauza chai na vitumbua, nakuchunguza. Hukumruhusu mtu mwingine avae vile visikilizio, hata kwa kuonja tu. Kwa nini? Kitu cha kweli hakifichwi namna hiyo.

Halafu yale maji. Ulichimbia nondo karibu na ngazi ya baraza, ukafunga waya kutoka kwenye redio, ukasema ardhi ikikauka, redio nayo haisikii vizuri. Sawa. Kabla ya mpira kuanza nilikuwa namwaga kata moja pale chini. Lakini katikati ya mchezo, watu wamekodoa macho, ghafla unasema kwa sauti ya chini, "Kafunga Rashidi. Zena, mwaga maji." Kiangazi, Baba! Kisima kinatoa tope, na mimi nimeamkia foleni! Namwaga huku nanung'unika, nawe umegeukia ukutani, visikilizio umevishika kwa mikono miwili, na barazani hapana hata anayekohoa. Kuna siku nyingine huyo Rashidi alikuwa akifunga unaruka juu na kupiga makofi, na maji huulizi. Nikasema moyoni, basi, siku za maji ndizo siku ambazo mashine imekufa na mzee anatunga.

Na ushahidi niliupata. Gadi mmoja wa gari la moshi, akifika kutoka Dar es Salaam, hupitia kwangu kunywa chai. Siku moja akanipongeza, "Kaka yako Shabani kafunga mawili Jumapili." Nikamuuliza, na Rashidi je? Akasema Rashidi alikuwa mgonjwa, hata uwanjani hakufika. Mimi Jumapili hiyo nilikuwa nimemwaga maji mara mbili kwa mabao ya Rashidi. Nilikuja mlangoni mwa karakana, nikakutazama ukigonga bati, miwani imekushukia puani, na nikajua kwamba baba yangu ni mwongo. Sikukuuliza. Niliogopa utanijibu.

Uongo wenyewe haukuniuma sana. Kilichoniuma ni kwamba katika uongo wako wote hukumpa Shabani hata bao moja.

Mwanao wa kiume, Baba. Alipopanda gari la moshi, viatu vya mpira amevining'iniza shingoni, aende kupakua mizigo gatini na kuchezea timu ya wenzake wa huko, ulimwambia neno moja tu, "Nenda. Nyundo yangu itapata mwenyewe." Tangu hapo jina lake halikutoka tena kinywani mwako. Naye alikuwa akiwauliza wasafiri waliotoka huku, je, mzee akisikiliza mpira huwa ananitaja? Nao walikuwa wakimwambia ukweli: hapana.

Ulipoanguka karakanani tukakukimbiza hospitali ya Kitete, ukarudi umefunikwa shuka. Nilikuwa nimekushika mguu. Ulikuwa bado una joto, Baba, na mimi sikumwamini aliyesema umekwisha. Nilimwambia akusikilize tena.

Siku ya mazishi, jeneza limetoka mlangoni, Mhina akaziba njia. Unajua utani wetu na Wazigua, tangu babu zetu wapite kwao na pembe za ndovu mabegani wakielekea Bagamoyo. Alikuwa amevaa visikilizio vyako juu ya kofia. Akatangaza kwa sauti kama yako kabisa, "Mnyamwezi kapewa mpira! Anakwenda, anakwenda, huyo, hageuki nyuma!" Watu wakacheka huku machozi yanawatoka. Mimi nikashika ukuta. Kisha akaibeba redio yako begani, akasema hairudi mpaka wafiwa tuikomboe kwa jogoo.

Najua ndiyo mila. Lakini mila ni mila, na redio ni redio. Nilipita mbele ya nyumba ya Mhina asubuhi na jioni, najifanya natafuta kuku aliyepotea, nachungulia dirishani kama bado ipo. Niliogopa ataipeleka dukani kwa Mhindi. Nilipompelekea jogoo wetu mwekundu akanirudishia redio, nikaipima mikononi, nikaona imekuwa nzito kuliko mwanzo. Nikashuku ametia mawe. Mhina akaniambia, "Ni mikono yako, dada. Umelia sana na huli." Nilipofika nyumbani niliichungulia kwenye ule ufa wa ubavuni. Mawe hayakuwemo.

Kisha gadi akaleta salamu za Shabani. Nilikuwa nimemwandalia godoro, nimefua mashuka, nikijua anakuja kwenye arobaini yako. Salamu zilikuwa hivi: "Mwambie dada, mzee hakutaka hata kulitamka jina langu mbele za watu. Sasa nije kumfanyia nini?" Gadi alisema maneno hayo akitazama kikombe chake. Nilikasirika, kisha nikamfikiria kaka yangu. Ningemwambia nini? Kwamba baba alikuwa akitunga mpira mzima, na katika kuutunga akamruka? Nilikulaumu sana usiku ule, Baba. Naandika ujue.

Sasa ndipo tunafika Jumapili iliyopita.

Watu walikuja. Hakuna aliyewaita, wamekuja tu kwa mazoea, wameketi mahali pao palepale, wameacha kigoda chako wazi. Nilidhani wamekuja kupeleleza nani atarithi redio. Mhina akaitoa ndani yeye mwenyewe, akafunga nyaya zake, halafu akaniletea visikilizio. "Vaa wewe," akasema. "Si ndiwe usiyeamini?" Kisha akaenda kukalia ndoo yangu.

Nilivaa nikiwa na uhakika nitasikia kimya, na mbele ya watu wote uongo wako utajulikana. Nilikuwa tayari kukuonea haya.

Baba, inasema! Kwanza ilichemka kama samaki kikaangoni, kisha akatoka mtu katikati ya yale mafuta, anazungumza Kiswahili chake kizuri, anahema, na nyuma yake watu wengi wanapiga kelele. Nikamsikia akitaja wachezaji mmojammoja. Hukutunga. Winga alikimbia kweli, golikipa alidaka kweli. Nikawa nawaeleza watu ninachosikia, nakwama, narukaruka, nachanganya kona na mpira wa kurusha, na Mhina ananicheka. Halafu yule mtangazaji akapaza sauti: Shabani, Shabani wa Tabora, anawapita, bado anao, Shabani! Bao!

Niliinua macho. Barazani pote wananitazama. Majirani, vijana juu ya ua, shangazi Mgeni amesimama mlangoni na bawa la jogoo, maana Mhina alimrudisha kwetu akiwa mchuzi. Midomo wazi, wote wanangoja. Na mimi nikayaogopa yale macho. Niliona kila mmoja ana lake moyoni. Nikakumbuka Idi ile nilipovaa gauni langu la kwanza la dukani, watu wakanisifu njiani, nawe ukachovya kidole kwenye masizi ya koroboi ukanipaka shavuni, nikalia mpaka msikitini. Nikakumbuka Shabani mdogo, siku walipomsifu uwanjani kwamba hajapata kuonekana mguu kama ule, na kesho yake mguu ukavimba kama mtungi, nawe ukambeba mgongoni mpaka Kitete, huku unasema njia nzima, "Wamemwona. Wamemwona mwanangu."

Nikafungua kinywa, na kinywa kikasema, "Kafunga Rashidi."

Hakuna aliyeshangilia. Mhina akainuka polepole kutoka kwenye ndoo, akachota kata, akanipa. "Zena," akasema, "mwaga maji."

Basi baraza zima likalipuka, Baba. Walishangilia, wakakumbatiana, mzee mmoja akavua kofia akajifutia macho. Wanalitaja jina la Shabani kwa sauti, na mimi nimesimama na kata mkononi, sielewi kitu. Mhina ndiye aliyenieleza. Walikuwa wakijua siku zote. Kila gari la moshi likileta habari, waliona mabao ya Shabani ni yaleyale ya siku za maji. Wakaiheshimu hofu yako ya kijicho, wakanyamaza. Nikamuuliza, mbona mimi hamkuniambia? Akasema, "Wewe? Ungemhoji, naye angeacha, tukose na hayo maji."

Kumbe katika mtaa mzima, mimi nisiyedanganyika ndiye pekee niliyedanganywa. Na kule kununa kwangu, nikinung'unikia kisima na kiangazi, nilikuwa namwagia mabao ya kaka yangu. Ulinigeuzia mgongo ili nisiuone uso wako. Ulikuwa unalia, au ulikuwa unacheka? Hilo nalo Mhina hajui. Ningetoa chochote nilijue.

Sasa lawama. Ulimficha Shabani asionwe na wenye kijicho, lakini na yeye mwenyewe ukamficha. Ulimpaka masizi mpaka akadhani ndiyo rangi uliyomwona nayo. Ungeweza kumtumia hata neno moja la siri. Sikukasirikii zaidi ya hapo, maana neno lenyewe nimelishika mdomoni mwangu, nami sikuweza kulisema. Nilidhani shaka hizi ni zangu. Kumbe nimezirithi kwako, pamoja na bati na redio.

Kesho napanda gari la moshi. Mhina alijitolea aende yeye kumweleza, nikakataa, atageuza jambo zima kuwa kichekesho. Gadi alitaka kubeba salamu, nikakataa, sijui atazisemaje. Nitakwenda mwenyewe. Nikishapita stesheni ya Kigwa nitakuwa mbali na nyumbani kuliko nilivyowahi kufika. Shabani ni mwanao. Hataniamini upesi. Atasema nimetunga ili nimrudishe. Nitamweleza siku baada ya siku, Jumapili kwa Jumapili, kila nilipomwaga maji, na yeye atakumbuka mwenyewe alifunga lini.

Redio nimeiweka chini ya kitanda. Ufunguo wa karakana nimemwachia Mhina, usishangae sana. Shangazi bado namshuku.

Lala, Baba. Siwezi kukuahidi kwamba nitakuwa mtu wa kuamini, wala wewe hungetaka ahadi nisiyoiweza. Ninachokuahidi ni kwamba arobaini yako Shabani atakuwepo. Tutakuja kaburini asubuhi, jua halijawa kali. Ndoo nitaibeba mimi kutoka kisimani, na nitanung'unika njia nzima, ili usikie kwamba tunakuja. Tukifika nitaitua. Kisha kata nitampa yeye.

Mwanao,
Zena