Hodi kwa Printa

Mjukuu wangu Neema,

Huku Makere tu wazima, na maharage yameanza kutoa maua. Umeuliza kwa nini napiga makofi kabla ya kubonyeza ile picha ya printa uliyoniwekea kwenye kioo cha kompyuta, nichape nyimbo za kwaya.

Nilipokuwa msichana, baba alinipeleka Kibondo kutoa kopi ya cheti changu cha ubatizo, ili nipokelewe shule. Mlangoni pa ofisi yenye mashine ya kopi alipiga makofi taratibu, kama tunavyoamkia wakubwa huku kwetu, akangoja. Karani akatufungulia. Jina langu likatoka kwenye mashine, sasa likawa mara mbili, karatasi ikiwa na joto kama yai lililotagwa sasa hivi. Baba akavua kofia.

Leo mlango ule umekuwa picha ndogo kama ukucha, na mimi ndiye ninayeufungua. Bado sijathubutu kuingia bila hodi.

Bibi yako